Upanga Usiofika Juu: Uhakiki wa Filamu Bubu ya Orochi (1925)

Utangulizi

Katika madarasa yetu ya nadharia ya fasihi kuna mfano mmoja ambao kila mwanafunzi wa mwaka wa kwanza huukariri kabla hata hajalijua jina la mkuu wa idara. Wapo wanaosema fani na maudhui ni kama kikombe na chai: waweza kuimimina chai ukabaki na kikombe chako, au ukaihamishia chai hiyohiyo kwenye bilauri na ladha isibadilike. Na wapo wanaosema hapana, vitu hivyo viwili ni sura mbili za sarafu moja; ukitaka kuzitenganisha utabaki bila sarafu. Mjadala huu tumeuendesha kwa riwaya, kwa ushairi na kwa tamthilia mpaka umekuwa kama wimbo wa mchakamchaka: kila mtu anaitikia, wachache wanasikiliza maneno.

Makala haya yanakusudia kuupeleka mjadala huo mahali tusipouzoea, yaani katika filamu bubu ya Kijapani ya mapigano ya panga iitwayo Orochi, iliyotolewa Novemba 1925. Ndugu msomaji anaweza kuuliza, na ana haki ya kuuliza: sinema ya kukatana mapanga inaingiaje katika uhakiki wa fasihi? Jibu langu ni kwamba Orochi ina kila tunachofundishwa kukitafuta katika kazi ya fasihi. Ina hadithi, ina mhusika mkuu, ina mgogoro unaopanda hadi kileleni, ina dhamira tena nzito. Inachokosa ni kitu kimoja tu, nacho ni mazungumzo yanayosikika. Sasa kama fani ni kikombe tu, basi hapa tuna nafasi nzuri ya kukipima kikombe chenyewe.

Dai langu ni hili: katika Orochi namna tunavyoonyeshwa mambo ndiyo habari yenyewe. Filamu inamhusu mtu anayehukumiwa kwa kutazamwa vibaya, na haina njia ya kutufikishia habari hiyo ila kwa kututazamisha vizuri. Pamoja na hayo nitaonyesha kwamba filamu hii ina doa ambalo mashabiki wake hupenda kulipita harakaharaka, na kwamba doa hilo, tukilikazia macho, linatufundisha zaidi ya sifa zake.

Mazingira ya utunzi

Filamu iliongozwa na Buntaro Futagawa, hadithi ikaandikwa na Rokuhei Susukita, na mhusika mkuu akaigizwa na Tsumasaburo Bando, kijana wa miaka 23 aliyekuwa amewahi kujifunza uigizaji wa kabuki. Si hivyo tu: kampuni iliyoitengeneza ilikuwa ya Bando mwenyewe, ambayo alikuwa ameianzisha mwaka huohuo. Mwigizaji kumiliki kampuni, katika Japani ya wakati ule, halikuwa jambo la kawaida. Shozo Makino, ambaye wengi humwita baba wa sinema ya Kijapani, alihusika kama msimamizi.

Ili tuone upya wa Orochi inafaa tujue ilichokuwa inakikimbia. Kabla ya hapo nyota wa filamu za panga alikuwa Matsunosuke Onoe, aliyeigiza filamu kwa mamia, nyingi zikiongozwa na Makino huyohuyo. Katika filamu hizo kamera ilisimama mahali pamoja kama mtu aliyelipia kiti cha mbele, na mapigano yakachezwa kama ngoma ya kabuki: mmoja anainua upanga, anapiga pozi, adui anapiga sarakasi na kuanguka. Watu waliipenda. Lakini kizazi kilichofuata kilikuwa kimekwisha kuona filamu za Marekani zenye mbio na mkato wa haraka, na kilikuwa kimeona pia kundi la maigizo la Shinkokugeki, lililoanzishwa mwaka 1917, ambalo lilileta jukwaani mapigano ya panga yenye jasho na pumzi za kweli. Bando na Futagawa ni watoto wa mabadiliko hayo.

Kuna na mazingira ya kisiasa. Tarehe 1 Septemba 1923 tetemeko la ardhi liliangamiza Tokyo na Yokohama na kuua watu zaidi ya 100,000. Utengenezaji wa filamu ukahamia kwa kiasi kikubwa Kyoto. Mwaka 1925 serikali ilitoa kwa mkono mmoja na kunyang'anya kwa mwingine: ilipitisha sheria ya kuwapa kura wanaume wote waliofikisha miaka 25, na mwaka huohuo ikapitisha Sheria ya Kulinda Amani iliyowalenga wote waliotaka kubadili mfumo wa dola au kuipinga mali ya binafsi. Kuanzia Julai 1925 ukaguzi wa filamu nao ukawekwa chini ya wizara ya mambo ya ndani, nchi nzima.

Orochi ilipita katika tundu hilo la sindano. Jina lake la kwanza lilikuwa na maana ya mhalifu, mtu aliye nje ya sheria. Wakaguzi hawakulitaka, na sehemu za filamu zikakatwa. Jina lililobaki, Orochi, humaanisha joka. Lakini namna lilivyoandikwa, herufi ya kwanza yaweza kusomwa kama "dume" au "shujaa" na ya mwisho ni "damu". Kwa hiyo mtazamaji aliyejua kusoma aliiona damu hata pale ambapo sikio lilisikia nyoka tu. Wasanii wa nchi zenye ukaguzi, popote walipo, hujifunza mapema kupitisha mzigo kwa mlango wa nyuma.

Muhtasari wa hadithi

Heizaburo Kuritomi ni samurai kijana wa cheo cha chini, mwanafunzi wa mwalimu mwenye elimu, Eizan, na anampenda Namie, binti wa mwalimu huyo. Katika sherehe ya kuzaliwa kwa mwalimu, kijana wa familia kubwa akiwa amelewa anamdhalilisha Heizaburo. Unazuka ugomvi. Lawama zote zinamwangukia Heizaburo, kwa sababu mwenzake ni mtoto wa wakubwa. Baadaye anapigana tena, safari hii kulinda jina la Namie dhidi ya wanaomsema vibaya, na tena ni yeye anayeonekana mkorofi. Hata Namie hamwelewi. Anafukuzwa.

Kutoka hapo anakuwa samurai asiye na bwana, mtu wa kutangatanga. Kila akijaribu kutenda jema mkono wake unaishia kwenye mpini wa upanga, na kila upanga ukitoka alani jina lake linazidi kuchafuka. Anafungwa. Anampenda Ochiyo, mhudumu wa mkahawa anayefanana na Namie, na mapenzi hayo nayo hayamfikishi popote. Mwishowe anapata hifadhi kwa Jirozo, mkubwa wa genge ambaye mji mzima unamsifu kwa kuwasaidia wanyonge. Kumbe ni mnafiki na mtu wa kudhulumu wanawake. Siku moja Jirozo anawakaribisha nyumbani kwake wasafiri wawili, mume mgonjwa na mkewe. Mke huyo ni Namie. Heizaburo anapotambua nia ya mwenyeji wao anamuua Jirozo na kuwaokoa wawili hao. Askari wanamzingira. Yanafuata mapigano marefu ambayo ndiyo yaliyoifanya filamu hii isisahaulike. Mwisho anakamatwa, anafungwa kamba na kupelekwa huku umati ukimwona jambazi. Namie na mumewe peke yao ndio wanaomshukuru.

Dhamira: jina na mtu

Filamu inafunguliwa kwa maandishi yanayotangaza kwamba si kila anayeitwa mwovu ni mwovu, wala si kila anayeheshimiwa anastahili heshima hiyo. Mhakiki mvivu angeishia hapo: angeandika "dhamira ni unafiki katika jamii", aweke nukta, apate alama zake. Lakini tamko si dhamira. Tamko la namna hii lipo katika methali za kila taifa, na sisi tunayo yetu ya kutosha kuhusu ngozi ya kondoo. Swali ni filamu inalifanyia nini.

Inalifanyia jambo la kitabaka. Hebu tuangalie nani anakosea kuhusu Heizaburo, na kwa nini. Katika sherehe ya mwanzo tatizo si kwamba watu hawakuona. Watu walikuwepo chumbani. Tatizo ni kwamba macho yao yamekwisha pangwa na cheo. Katika nyumba ya Kijapani ya zama za ukabaila mahali unapokaa ndipo unaposomeka thamani yako. Mgeni mkubwa hukaa juu, karibu na sehemu ya heshima, na mdogo hukaa karibu na mlango. Ugomvi unapotokea, anayekaa karibu na mlango ndiye atakayeutoka. Mwalimu mwenyewe, mtu wa vitabu na maadili, analazimika kuamua kati ya ukweli na cheo, na anachagua kile ambacho kitaifanya sherehe iendelee. Kwa wasomi sisi, wanafunzi kwa walimu, hapa pana cha kutafakari. Mtu wa kwanza kumhukumu Heizaburo kimakosa si polisi, ni mwalimu wake.

Jirozo ni upande wa pili wa kipimo hichohicho. Huyu ana jina zuri, na jina zuri ni mtaji. Linamletea wageni hadi mlangoni. Kwa hiyo Orochi haisemi tu kwamba majina hudanganya. Inaonyesha kuwa jina ni mali, kuna walionalo na wasionalo, nalo huzaa faida kama mali nyingine yoyote. Naona si ajabu wakaguzi wa mwaka 1925 hawakuipenda. Walikuwa wamekabidhiwa kazi ya kulinda majina.

Fani: jicho linalofuatana na mtu

Sasa tuje kwenye kiini cha makala haya. Filamu bubu inawezaje kutuambia kwamba mtu hana hatia? Hili si swali dogo. Picha moja haiwezi kusema "hana hatia". Picha ya mtu aliyeshika upanga, mwingine akiwa chini, inasema kitu kimoja tu: huyu amemkata yule. Ukiingia ukumbini kwa kuchelewa, ukaiona picha hiyo, utamhukumu Heizaburo sawasawa na wanavyomhukumu watu wa mji.

Kinachomwokoa machoni petu ni mfuatano. Tulikuwepo tangu mwanzo. Tuliuona mkono uliomtukana kabla ya kuuona mkono uliopiga. Futagawa anajenga filamu nzima juu ya tofauti hiyo: watu ndani ya hadithi wanaona picha ya mwisho, sisi tunaona mlolongo. Kila tukio linarudia umbo lilelile: uchokozi, uvumilivu, mlipuko, kisha mashahidi wanaofika baada ya mlipuko. Mhakiki anaweza kulalamika kwamba marudio haya yanachosha. Mimi naona ndiyo hoja. Kwa mara ya tatu au ya nne tunapoona watu wanajaa mlangoni, tumekwisha kujua watakachokiona, na tunaanza kuchoka pamoja na Heizaburo. Hatusimuliwi kwamba amechoka kutoeleweka. Uchovu wenyewe umehamia kwetu. Chai hiyo utaimimina kwenye bilauri gani?

Jambo la pili ni uso. Bando alitoka katika kabuki, na urithi huo unaonekana: uso mweupe wa vipodozi, macho yaliyotiwa weusi, kichwa kinachogeuzwa kwa mkupuo. Katika filamu za zamani mbinu hizi zilikuwa za kuonyesha ushujaa. Hapa zinageuzwa. Picha za karibu zinatupeleka kwenye macho ya mtu ambaye ana la kusema na hana wa kumwambia. Ububu wa filamu, ambao ni upungufu wa mashine, unakuwa hali ya mhusika. Kadiri hadithi inavyosonga nywele zinatimka, mavazi yanachakaa, na kijana nadhifu wa mwanzo anafanana zaidi na zaidi na jambazi ambaye watu walisema ni yeye. Hili ni jambo la kutisha kidogo. Mwili wake unaanza kulitii jina baya alilopewa.

Jambo la tatu ni uso unaorudiwa. Ochiyo anafanana na Namie, na Heizaburo anampenda kwa sababu hiyo. Katika riwaya mwandishi angelazimika kutuambia "alifanana naye sana", nasi tungemsadiki tu. Katika filamu tunafanya kosa lile analofanya Heizaburo: tunamtazama mwanamke mmoja na kumwona mwingine. Kwa dakika chache sisi tuliokuwa tukiwacheka watu wa mji kwa kutazama vibaya, tunatazama vibaya. Na Heizaburo, mhanga wa macho ya watu, anamfanyia Ochiyo kile alichofanyiwa: haoni mtu, anaona sura aliyokuja nayo kichwani.

Mapigano ya mwisho

Aina hii ya filamu Wajapani huiita chambara, jina linalotokana na kuigiza mlio wa panga zinapogongana. Ajabu ya mambo ni kwamba jina hilo la mlio lilishika katika sinema isiyo na mlio. Ina maana watazamaji walisikia kwa macho, na hakuna mahali ambapo jambo hilo linaeleweka zaidi ya dakika za mwisho za Orochi.

Heizaburo anazingirwa. Wanakuja na kamba, ngazi na marungu, wimbi baada ya wimbi. Kamera, ile iliyokuwa imekaa kitini katika filamu za Matsunosuke, sasa imesimama na inakimbia. Mara inarudi mbali na juu, tunamwona mtu mmoja mdogo katikati ya duara linalojibana. Mara inashuka karibu, tunauona uso wake, kinywa wazi, akihema. Mbali, karibu, duara, uso. Mdundo huo ndio unaobeba maana. Tukiwa mbali tunamwona kama wanavyomwona wao, doa moja jeusi la kuondolewa barabarani. Tukiwa karibu tunamwona kama alivyo. Filamu inatubadilishia macho mara nyingi kwa dakika chache, na kwa kufanya hivyo inaweka pamoja hukumu mbili ambazo hadithi nzima imekuwa ikizitenganisha.

Wapiganaji nao hawapigani kama wacheza ngoma. Wanasita, wanarudi nyuma, wanasukumana. Heizaburo mwenyewe si stadi asiyeguswa. Anayumba na kupumua kwa shida. Hakuna fahari hapa. Mapigano haya ni marefu kuliko inavyohitajika ili tujue nani atashindwa, na urefu huo ni wa makusudi: tunachoonyeshwa si ushindi wala kushindwa bali idadi. Mtu mmoja hawezi kuumaliza umati kwa sababu umati unaongezeka kila anapopunguza.

Sauti kando ya pazia

Mtu atasema: lakini filamu bubu haikuwa bubu hata siku moja. Ni kweli, na katika Japani ni kweli zaidi ya kwingineko. Kando ya pazia alikaa benshi, msimulizi, aliyewapa wahusika sauti, akaeleza mambo na kutia chumvi alipoona panafaa. Mabenshi walikuwa nyota; watu walichagua ukumbi kwa jina la msimulizi. Walikuwa na nguvu kiasi kwamba filamu bubu zilidumu Japani hadi katikati ya miaka ya 1930, ilhali filamu ya kwanza ya Kijapani yenye mazungumzo kamili ilikwisha kutoka mwaka 1931. Sauti ilipoingia kazi yao ikafa, na baadhi yao wakafa nayo: Heigo, kaka yake mwongozaji Akira Kurosawa, alikuwa benshi, na alijiua mwaka 1933. Orochi tunayoweza kuiona leo inajulikana zaidi kwa sauti ya Shunsui Matsuda, benshi aliyefariki mwaka 1987 baada ya kutumia maisha yake kukusanya na kuhifadhi nakala za filamu za zamani. Tusisahau kwamba filamu nyingi kabisa za zama hizo zimepotea, kwa moto, kwa vita na kwa uzembe.

Sisi wa Afrika Mashariki hatuna sababu ya kumshangaa benshi. Vibanda vya video vya Dar es Salaam vilimjua Lufufu, aliyezimimina filamu za Marekani, Hongkong na India katika Kiswahili cha mtaani, na Kenya inamjua DJ Afro. Wapo na mabingwa wa Kampala wanaofanya kazi hiyo kwa Kiganda. Tunajua kwa uzoefu kwamba msimulizi wa namna hii hatafsiri tu, anaitawala filamu. Anaweza kumfanya mhusika mbaya awe mchekeshaji na wewe ukamcheka.

Je, basi hoja yangu imeanguka? Kama benshi alieleza kila kitu, masimulizi ya picha yanabaki na nini? Nadhani mambo ni kinyume. Kwanza, tukizima sauti ya Matsuda, mfuatano wa matukio bado unatosha kutuweka upande wa Heizaburo. Sehemu za katikati zinakuwa ngumu kidogo kufuata, lakini mapigano ya mwisho hayapotezi chochote. Pili, na hili ni kubwa zaidi, benshi anasema nasi, hasemi na watu wa ndani ya filamu. Anamtetea Heizaburo kwa ufasaha wote, na watu wa mji hawasikii neno. Kila anavyozidi kusema, ndivyo tunavyozidi kuuona ukuta ulioko kati ya ukumbi na pazia. Ana wakili hodari, lakini wakili amekaa nje ya mahakama.

Kufaulu na kutofaulu

Kwamba Orochi imefaulu kifani nadhani nimekwisha sema vya kutosha. Iko mahali inapoyumba. Kuwaleta Namie na mumewe katika nyumba ileile ya Jirozo, kati ya nyumba zote za Japani, ni sadfa iliyoshonwa kwa uzi mweupe kwenye kitambaa cheusi. Maandishi ya mwanzo yanahubiri jambo ambalo picha zingelithibitisha zenyewe. Na wanawake wote wawili, Namie na Ochiyo, wapo zaidi kama vitu vya kutazamwa, kupendwa na kuokolewa. Filamu inayodai kwamba mtu asihukumiwe kwa sura yake imewapa wanawake wake sura tu. Nilisema hapo juu kwamba kufanana kwao kunatunasa katika kosa la Heizaburo. Lakini sina hakika kama filamu yenyewe inajua kwamba ni kosa.

Kuna na doa lile nililoahidi. Tuwaangalie wanaokufa katika mapigano ya mwisho. Ni akina nani? Ni askari wa vyeo vya chini, watu wa kamba na marungu, walioamriwa kwenda. Yule kijana mlevi wa sherehe hayupo. Wakubwa waliomkinga hawapo. Mwalimu hayupo. Ukimtoa Jirozo, ambaye ni mkubwa wa wahuni tu, upanga wa Heizaburo haumgusi hata mmoja kati ya waliomharibia maisha. Mnyonge anawakata wanyonge, nasi tunashangilia kwa sababu kamera iko upande wake. Askari hao hawana picha za karibu. Filamu iliyotufundisha kwamba ukimtazama mtu kwa mbali utamhukumu vibaya, inawatazama wao kwa mbali hadi mwisho.

Baadhi ya wenzangu, tulipojadili jambo hili, walisema huo ni udhaifu wa kiitikadi: Heizaburo ni mtu binafsi, hana kundi, hana mpango, hasira yake haimfikishi kwenye mapambano ya pamoja. Ni kweli hana. Lakini tujiulize kama filamu ingekuwa ya kweli zaidi kama angempata yule kijana wa wakubwa na kumkata. Tungetoka ukumbini tumeridhika, deni limelipwa. Orochi haitupi ridhaa hiyo. Inaonyesha mfumo ulivyojipanga: kadiri mtu alivyo juu ndivyo anavyokuwa mbali na upanga, mpaka wale wa juu kabisa hawaingii hata katika picha. Kati yao na mtu waliyemdhulumu wamewekwa watu maskini kama yeye, safu kwa safu. Katika mwaka wa Sheria ya Kulinda Amani hilo lilikuwa jambo la kusemwa kwa picha, kwa kuwa kwa maneno lisingepita.

Kama Futagawa na Susukita walilikusudia hilo au liliwatoka tu, sioni haja ya kulikatia shauri. Kazi ya sanaa ina haki ya kujua zaidi ya wasanii wake. Ila hatuwezi kulitumia jambo hili kama sifa bila kulibeba pia kama lawama. Askari wale wana mama zao.

Hitimisho

Makala haya yamejaribu kuonyesha kwamba katika Orochi dhamira ya kutoonekana sawasawa haiwezi kuondolewa katika mfuatano, mwendo wa kamera na mgawanyo wa picha za karibu na za mbali. Hata kasoro yake kubwa ya kimaudhui ni ya kifani: ni swali la nani amepewa picha ya karibu na nani amenyimwa. Wale wa kikombe na chai wanakaribishwa kujibu. Nawaomba tu wajibu wakiwa wameitazama filamu. Siku hizi si lazima kwenda Tokyo, kwani nakala zake zinapatikana kwenye intaneti.

Kwa walimu wetu nina ombi moja. Tumezoea kugawa alama kwa kuorodhesha dhamira upande wa kushoto na vipengele vya fani upande wa kulia, kama daftari la mapato na matumizi. Mwanafunzi anajifunza kujaza safu. Basi katika mojawapo ya semina zetu tuwekewe dakika kumi za mwisho za Orochi, sauti ikiwa imezimwa, kisha tuulizwe swali moja tu: katika tukio hili, ni nani ambaye hatujamwona uso, na kwa nini? Atakayeweza kulijibu vizuri ataweza pia kuirudia riwaya yoyote iliyoko kwenye orodha yetu na kuuliza humo vilevile.